Mwandiko wa Penseli

Kaka yangu alipochaguliwa kwenda chuo Iringa kusomea ualimu wa fizikia na hesabu, baba aliuza maksai wawili wa kulimia na hakulalamika. Tuliishi Ubaruku, mkoani Mbeya. Wazazi wangu walihamia huko kutoka Usukumani kabla sijazaliwa, wakifuata malisho, na baadaye wakajikuta wanalima mpunga kuliko wanavyochunga. Katika ukoo wetu hakuna aliyekuwa amevuka kidato cha nne. Siku kaka alipoondoka, mama alimfungia mchele kwenye kiroba, baba akamshika mkono na kukawia kuuachia, na mimi niliyekuwa naingia kidato cha tatu nikabeba begi lake mpaka kituoni, najisikia kama ndiye ninayesafiri.

Nilipenda fizikia kabla sijajua naipendea nini. Shule yetu ya kata ilikuwa na mwalimu mmoja wa hesabu kwa madarasa yote, na wa fizikia hatukuwa naye kabisa. Vitabu vilikuwa vichache, tunasoma watano watano, na ndani yake kanuni zimeandikwa kama amri. Kariri, weka namba, toa jibu. Nilikariri. Nilipata alama nzuri hata kwa vitu ambavyo kama ungeniuliza maana yake ningebaki nakutazama.

Mwaka wa kwanza wa chuo ulipoisha, kaka alirudi likizo na vitabu viwili vilivyochakaa, kimoja chembamba na kingine kinene kilichobandikwa gundi mgongoni. Alivipanga juu ya mkeka.

"Hiki chembamba ndicho cha kwanza," aliniambia. "Aljebra na trigonometria. Hicho kinene usikiguse mpaka umalize hiki."

"Lakini mimi nataka fizikia, kaka."

"Fizikia ni barua iliyoandikwa kwa lugha usiyoijua. Jifunze lugha kwanza, barua utaisoma."

Sikuwahi kumsikia akisema maneno mazuri namna ile. Niliona chuo kimembadilisha.

Nilipokifungua kile chembamba niliona kuna mtu amekipitia kabla yangu. Pembeni mwa kurasa palijaa maandishi ya penseli, herufi ndogo zilizosimama wima, kwa Kiswahili. "Hapa usiharakishe." "Mwandishi ameruka hatua mbili, ziandike mwenyewe." "Herufi hii si namba unayoitafuta, ni namba yoyote ile. Tulia." Kitabu chenyewe kilikuwa cha Kiingereza kigumu, na mimi Kiingereza changu kilikuwa cha kuokoteza. Maandishi yale yalikuwa kama mtu aliyekaa nami kwenye benchi moja, anangoja nielewe ndipo ageuze ukurasa.

"Umeandika wewe?" nilimuuliza.

"Ndiyo. Nilijua utakwama palepale nilipokwama mimi."

"Mbona kwenye daftari zako herufi zimelala?"

Alicheka. "Penseli ina mkono wake, mdogo wangu."

Nilimwamini. Nilikuwa na umri wa kumwamini, halafu nilitaka kumwamini.

Tulikubaliana utaratibu. Kila mama alipotuma mchele kwa basi, mimi nilipenyeza karatasi ya maswali ndani ya kiroba. Baada ya wiki mbili tatu kaka alimpa kondakta bahasha, au alikuja mwenyewe likizo na majibu. Majibu yalikuja kwa penseli, kwa mwandiko uleule wa wima. Mara nyingine yalikuwa yameandikwa ndani ya kitabu kingine kabisa, pembeni mwa ukurasa uliohusika, na karatasi ndogo inaonyesha mahali pa kufungua. Kwa njia hiyo nilimaliza aljebra, nikaingia trigonometria, nikapata kitabu cha vekta, kisha cha kalkulasi, na hatimaye kile kinene cha mekanika.

Nakumbuka swali la gunia. Pale kwenye mashine ya kukoboa mpunga vijana hutelezesha magunia kutoka kwenye lori kwa ubao ulioegemezwa. Kitabu kilisema nguvu inayolivuta gunia kuteremka juu ya ubao hupatikana kwa kuzidisha uzito wake na sini ya pembe, na mimi nikauliza, kwa nini sini? Kwa nini isiwe kitu kingine chochote? Jibu lilikuja hivi: "Ubao ukilala chini kabisa, gunia haliteremki. Ubao ukisimama wima, gunia linaanguka na uzito wake wote. Kwa hiyo unatafuta kitu kinachoanza na sifuri na kuishia na moja pembe inapokua. Unakijua. Sasa chora pembetatu na uhakikishe, usiniamini mimi."

Na nakumbuka swali la spidi. Niliandika: kama muda ni sifuri, gari halijaenda popote, sasa spidi ya wakati uleule inatoka wapi? Jibu: "Swali hili ni zuri kuliko unavyojua. Usiulize gari limefika wapi. Punguza muda. Sekunde moja, nusu, robo, na kila mara gawanya mwendo kwa muda. Utaona majibu yanaisogelea namba moja na kukataa kuiacha. Namba hiyo ndiyo spidi." Nilifanya kama nilivyoambiwa, mstari kwa mstari, mpaka nikaiona namba ikijileta yenyewe. Nilitoka nje nikasimama kwenye tuta la jaruba nikaangalia maji yakiingia kutoka mferejini. Sikuwa na mtu wa kumwambia. Nilimpenda kaka yangu siku ile kuliko nilivyowahi kumpenda mtu yeyote.

Nikaanza kuandika kama yeye, yaani herufi za wima, ndogo, kwa penseli. Mwalimu wa Kiswahili aliniuliza kwa nini nimebadili mwandiko katikati ya mwaka. Nilimjibu kwamba ndivyo wanavyoandika chuoni.

Matokeo ya kidato cha nne yalipotoka nilipangiwa mchepuo wa PCM, yaani fizikia, kemia na hesabu, shule ya bweni ya wasichana, Iringa. Baba alichinja mbuzi. Mbele ya majirani alisema mtoto wake mmoja amemvuta mwingine, na kaka, aliyekuwa amekuja likizo, aliinamisha kichwa akachezea kamba ya kiatu. Nilidhani ni unyenyekevu.

Iringa kaka alikuja kuniona siku za wageni. Alileta biskuti na vitabu. Nilipomwambia naomba siku moja anipeleke chuoni nikaone maabara, alisema wageni hawaruhusiwi, au kuna mitihani, au kuna mgomo wa maji.

Shule ilipofunga kwa mapumziko mafupi ya katikati ya muhula, ilikuwa Ijumaa asubuhi na basi langu la kurudi nyumbani, la Chimala, lilikuwa la mchana. Nilikuwa na swali la mzunguko lililonitesa wiki nzima. Nikaamua nimshtukize. Nilivaa sare safi, nikaweka daftari kwapani, nikaenda chuoni peke yangu. Hakuna aliyenizuia getini. Niliulizia idara ya fizikia, nikaonyeshwa, nikamkuta mwalimu mmoja anakunywa chai. Nilimwamkia nikamtajia jina la kaka na kusema yuko mwaka wa tatu.

Alifikiri. "Mwaka wa tatu wako wachache, wote nawajua. Huyo hayupo."

Alifungua kompyuta, akatafuta, akageuza macho kwangu taratibu.

"Wewe ni nani kwake?"

"Mdogo wake, mwalimu."

"Aliondoka mwaka wa kwanza. Alifeli hesabu, akarudia mtihani, akafeli tena." Akaweka kikombe chini. "Nyumbani hamjui?"

Nilijibu kwamba tunajua, labda nimekosea idara. Sijui kwa nini nilimlinda hata hapo. Nilipotoka, mwanafunzi mmoja aliyekuwa amesimama mlangoni aliniita.

"Unamtafuta yule jamaa aliyedisko, aliyeondolewa chuo? Mbona yuko hapo nje ya geti, kwenye fotokopi."

Duka lilikuwa dogo, lenye mashine mbili na rafu ya kalamu. Kaka alikuwa amenipa mgongo, anatoa kopi za notisi za mwanafunzi, vidole vyeusi kwa wino. Aligeuka kuchukua karatasi akaniona. Alimaliza kazi ya mteja, akazipanga kurasa, akazibana, akapokea malipo na kusema asante. Ndipo akatoka nje na kusimama karibu nami, tukitazama barabara.

"Nani amekwambia?"

"Mwalimu wako."

"Si mwalimu wangu."

"Najua sasa."

Alianza kueleza. Kwamba hesabu za chuo zilimpita kama lori. Kwamba alimwona baba akiuza maksai wale na hakuweza kurudi nyumbani na begi lilelile. Kwamba alitaka kurudia, alikuwa anajiandaa. Nilimsikiliza lakini nilikuwa na kitu kimoja tu kichwani.

"Kama ulifeli hesabu, maswali yangu alikuwa anajibu nani?"

Alirudisha macho barabarani.

"Kaka. Ni nani aliyeandika?"

"Kuna mama mmoja," alisema. "Mwalimu mstaafu. Alikuja kutoa kopi za mitihani ya zamani, nikambebea vitabu mpaka kwake. Aliniambia ana vitabu hana wa kumwachia. Basi nikawa naenda Jumamosi."

"Na maswali yangu?"

"Nilimpelekea."

"Ulimwambia ni ya nani?"

Alifuta vidole kwenye suruali. "Nilimwambia ni yangu."

Sikulia. Nilihisi joto usoni kama nimefunuliwa mbele za watu. Kisha akasema maneno ambayo sijaweza kuyameza mpaka leo. "Lakini wewe ulifaidika, siyo? Kama ningesema ukweli ungevipata wapi vitabu vile?"

Nilimwambia anipeleke kwa huyo mama sasa hivi, la sivyo nampigia baba simu nikiwa nimesimama hapohapo. Alifunga duka.

Tulitembea, yeye mbele, mimi nyuma. Nyumba ilikuwa mtaa wa juu, ya matofali ya kuchoma, na miti ya parachichi uani. Mama mwenyewe alitoka amevaa sweta juu ya kitenge, mwembamba, amesimama wima kama herufi zake. Alipomwona kaka uso wake ulichangamka, akamsalimia kwa lugha ya kwao.

"Kamwene, mwanafunzi wangu! Leo Ijumaa umenikumbuka? Nimeliona swali lako la mzunguko, nimeshaanza kulijibu. Na huyu binti?"

"Shikamoo, mama," nilisema.

"Marahaba. Karibu ndani, kuna baridi."

Kaka alisema, "Ni mdogo wangu," akaishia hapo. Nilimngoja aendelee. Aliangalia chini. Swali la mzunguko nilikuwa nimemkabidhi kaka Jumapili iliyopita, siku ya wageni, na sasa lilikuwa mezani kwa mama yule, limenakiliwa kwa herufi za kaka zilizolala. Nilikaa bila kukaribishwa kiti.

"Mama, swali hilo ni langu."

"Lako vipi?"

"Maswali yote ni yangu. Tangu la kwanza. Kaka hasomi. Aliondoka chuo mwaka wa kwanza."

Alimgeukia kaka. "Anasema kweli?"

Kaka alijibu, "Samahani, mama," akarudi nyuma mpaka mlangoni, kisha akatoka. Tulisikia geti.

Mama yule alisogeza karatasi ya kaka pembeni. Nilitarajia anihurumie. Badala yake alinitazama kwa macho makali.

"Na wewe nitajuaje kwamba si uongo mwingine? Leo kaka, kesho dada."

Alichukua karatasi, akaandika swali. Jiwe limerushwa juu kutoka ukingo wa daraja, tafuta litaanguka majini baada ya muda gani. Akanisogezea penseli. Nilichora daraja, nikachora mshale kuelekea juu, nikaandika mlinganyo, nikatafuta, nikapata jibu ambalo hata mimi niliona halina akili, jiwe linafika majini kabla halijarushwa. Aliivuta karatasi kabla sijarekebisha. Akaangalia kwa muda, akagusa mstari wa pili kwa kidole.

"Umesahau alama ya kutoa. Umesema juu ni chanya, halafu ukaandika uvutano nao ni chanya." Sauti yake ilishuka. "Kosa hili nimelisahihisha miaka miwili. Palepale, kila mara. Nilidhani ni la kaka yako."

Alivua miwani akaiweka juu ya karatasi.

"Nilikuwa namwandaa arudi chuo. Nilishazungumza na mtu wa huko ninayemfahamu. Nilimwambia huyu kijana ameiva, anauliza maswali ambayo wenzake hawaulizi." Akatabasamu vibaya. "Kila mwaka nilikula mchele wenu nikidhani anauleta kwa shukrani yake."

"Mchele ni wa mama yangu."

"Ndiyo. Sasa naelewa." Kisha akaniuliza jambo ambalo sikulitegemea. "Mwandiko wa kaka yako uliujua?"

"Niliujua."

"Na huu uliona si wake?"

"Nilimuuliza. Akasema penseli ina mkono wake."

"Ukakubali."

"Nilikubali."

"Mwanangu, tulikubali wote. Mimi nilimwona hawezi kueleza kwa mdomo kile alichokiuliza kwa karatasi. Nikajiambia ana aibu." Aliinuka akaenda jikoni, na nilipomfuata kumsaidia alikuwa amesimama tu mbele ya jiko, hajawasha kitu.

Kabla sijaondoka aliniambia, "Wewe uje Jumamosi shule ikifunguliwa. Uombe ruhusa rasmi, kwa barua, na jina lako liwe juu yake. Fizikia ni barua iliyoandikwa kwa lugha, na wewe lugha yako bado ina mashimo."

Nilisimama na kushika fremu ya mlango. Hata maneno yale hayakuwa ya kaka.

Nililikosa basi. Nilipofika nyumbani kesho yake nilikuwa nimeamua kusema kila kitu. Lakini kaka alikuwa amenipigia simu kituoni, kwa sauti ndogo ya mtu anayeongea amejificha. "Nipe muda tu. Baba nitamwambia mwenyewe. Ukimwambia wewe utamuua." Baba alinipokea kwa kuniuliza kaka yako hajambo, masomo yanaendaje. Nikasema, "Hajambo." Hilo lilikuwa neno langu la kwanza ndani ya uongo ule, na lilinitoka kirahisi.

Miaka miwili ya kidato cha tano na sita nilikwenda kwa mama yule kila niliporuhusiwa. Kaka hakukanyaga tena pale, na mama yule hakutaka atajwe. Alinifundisha kwa ukali. Muhula wa kwanza hakuniandikia hata neno moja pembeni mwa ukurasa. Alinifanya niandike mimi, yeye akasoma na kukata. Vitabu vya zamani, vile vya Ubaruku, sikuweza kuvifungua. Kila nilipoona "tulia" au "usiniamini mimi" nilisikia sauti mbili kwa pamoja, na moja ilikuwa ya mtu ambaye hakuwahi kuwepo. Nilikuwa nimepoteza kaka ambaye sikuwahi kuwa naye, na nilikosa hata jina la kumwita aliyebaki.

Nilifaulu. Mwaka huohuo kaka alituma picha nyumbani, amevaa joho na kofia ya mahafali, ameshika karatasi iliyofungwa utepe. Alisema nafasi za wageni hazikutosha, ndiyo maana hakutuita. Mama alilia kwa furaha. Baba alipeleka picha kwa fundi Chimala ikawekewa kioo, akaitundika juu ya redio. Nilimpigia kaka simu nikiwa nyuma ya zizi.

"Umekodi joho?"

"Watu wa studio wanayo."

"Uliniambia utamwambia."

"Nitamwambia nikipata kitu cha kushika mkononi. Siwezi kumwendea mikono mitupu."

Nilikata simu. Nikaingia ndani, mama akaniita niitazame picha tena, nikaitazama.

Miaka ikaenda. Nilisoma chuo hapa Mbeya, fizikia na hesabu, nikamaliza. Baba alikuja kwenye mahafali yangu na suti iliyombana mabega, akaniambia mbele ya wenzangu, "Sasa ninao wawili." Nilimshukuru. Ningeweza kusema niliteseka usiku kucha, lakini ukweli ni kwamba nilikula pilau na kupiga picha kama wengine. Kaka yeye hakupata shida ya kueleza kwa nini hana kazi. Kila mtu alijua ajira hazitoki. Uongo wake ulikaa vizuri sana katikati ya vijana wengi waliosoma kweli na kukaa bila kazi.

Aliyeufumua ni baba mwenyewe, bila kukusudia. Shule ya kata yetu ilikuwa bado haina mwalimu wa fizikia. Baba alikwenda kumwona mkuu wa shule akamwambia nina kijana amemaliza, aje ajitolee wakati anasubiri ajira. Mkuu alifurahi, akaomba nakala ya cheti. Kaka akasema cheti kiko chuoni. Baadaye akasema kuna makosa ya jina. Baba, ambaye hajawahi kuogopa ofisi, aliishusha ile picha ukutani, akaifunga kwa kitenge cha mama, akapanda basi kwenda Iringa kuwaomba wakubwa wa chuo wamsaidie mwanawe apate cheti chake.

Siku iliyofuata, saa sita mchana, alibisha hodi kwenye chumba nilichopanga Ilomba, hapa Mbeya. Alikuwa amepita njia panda ya kwetu bila kushuka. Picha ilikuwa mkononi, bado imefungwa.

Nilimpa kiti na maji. Alikunywa yote.

"Ulijua?" aliniuliza.

Ningeweza kuuliza nilijua nini.

"Nilijua, baba."

"Tangu lini?"

"Tangu kidato cha tano."

Alihesabu kimya, nikaona midomo inasogea. Picha aliiweka sakafuni, uso chini.

"Mimi nilidhani nimedanganywa na mmoja," alisema. "Kumbe mlikuwa wawili."

Nilianza kueleza. Kwamba nami niliumizwa, kwamba kaka aliniomba, kwamba nilimwogopea yeye. Alinyanyua mkono, si kwa hasira, kama mtu anayezuia jua. Aliniuliza basi la kurudi ni saa ngapi. Nikamsindikiza mpaka stendi, tukasimama pamoja, na alipopanda hakugeuka dirishani.

Hakuongea nami msimu mzima wa mpunga. Na kaka aliongea naye mapema zaidi. Kaka alikwenda, akapiga magoti, akalia, akasamehewa kwa kiasi chake. Mimi niliambiwa na mama kwenye simu, "Baba yako anasema uongo wa kaka yako ni uoga, wako haujui ni nini." Nilijaribu kumweleza kaka kwamba hilo ni kosa lake pia, kwamba amenifanya niwe mwongo kwa mtu niliyempenda. Alinijibu kwamba kila mtu anabeba lake.

Leo nafundisha fizikia hapa Mbeya. Mama yule wa Iringa alifariki nikiwa mwaka wa pili kazini. Watoto wa ndugu zake walinipigia nikachukue vitabu, nikaenda na nikavichukua vyote. Baba na mimi tunaongea, hasa juu ya mvua na bei ya dawa za mifugo. Kaka ana duka lake la vifaa vya ofisi Chimala, na miaka michache iliyopita alioa. Mke wake ni Msangu, mtu wa vicheko, na ananipenda.

Mwaka jana nilipita kwao nikitoka nyumbani. Tulikuwa watatu uani, wali unachemka, wifi anapepeta dagaa.

"Wifi," akaniambia, "huyu ndugu yako nimemwambia aende akafundishe. Mtu na digrii yake ya fizikia anakaa kutoa kopi! Anasema amechoka na serikali. Hebu mwambie wewe, ninyi ni wasomi."

Nilimtazama kaka. Alikuwa amesimama na ndoo mkononi, na alinitazama kwa ombi lilelile nililolisikia kwenye simu ya kituoni miaka ile. Safari hii sikumsaidia.

"Muulize yeye alimaliza mwaka gani," nilisema. "Mimi nakaa hapa mpaka akujibu."

Wifi alicheka, kisha akaacha kucheka. Kaka aliweka ndoo chini. Nilidhani ataondoka kama alivyoondoka kwa mama yule. Alikaa kwenye kigoda.

"Sikumaliza," alisema. "Nilifeli mwaka wa kwanza."

"Na ile picha?"

"Joho la studio."

Wifi aliangalia dagaa kwenye ungo kwa muda, akiokota vijiti ambavyo havikuwepo. Aliniuliza kama nami nilijua siku ya harusi. Nikamjibu kwamba nilijua. Akatikisa kichwa, akainuka kwenda kuepua wali kabla haujaungua.